Marehemu Hakuwahi Kukata Kulia

Marehemu mume wangu aliendesha gari miaka yote ya ndoa yetu. Hakugonga mtu, hakugongwa, na hakuwahi hata siku moja kukata kulia penye magari. Ukitoka kwetu, soko liko kulia. Yeye alilipita kama mgeni asiyelijua, akaenda mbele mpaka kituo cha mafuta, akakata kushoto, akakata kushoto tena nyuma ya karakana ya seremala, akakata kushoto mara ya tatu penye ukuta wa shule, kisha akaijia barabara ile ile kwa ubavuni na kuivuka moja kwa moja. Hapo tukawa tumefika sokoni. Seremala alituzoea, alikuwa akituona anatupungia randa.

Alijifunza kwa baba yake, dereva wa lori la magogo, ambaye aliwaambia wanawe wawili wa kiume kwamba kulia ni kwa wenye haraka, na wenye haraka yeye amewapita wengi wamelala mtaroni. Watoto wetu wakakua wakijua gari linaendeshwa hivyo. Mimi sikuwa na la kusema. Sikuwa dereva, na safari nilikuwa nazitumia kusali.

Kijana wetu alipopata leseni alinipeleka hospitali kupima presha. Nilianza sala ya safari tulipotoka getini. Kabla sijafika kwenye amina, gari likasimama.

"Kuna nini?" nikauliza.

"Tumefika, mama."

Nikamwambia asinitanie, hospitali naijua, iko mbali. Nikatazama. Ilikuwa ni ile ile, na mlinzi ni yule yule.

"Umepita wapi?"

"Nimekata kulia."

Tulipoingia ndani nilipimwa, presha ikakutwa juu.

Marehemu hatukumwambia. Miaka michache baadaye alifariki usingizini, gari lake likiwa uani limeegeshwa vizuri, pua ikitazama nje ili akitoka atoke kushoto.

Nilibaki na wifi yangu. Huyu ni mdogo wake marehemu, kitinda mimba wao, alikuja kunisaidia msiba na hakuondoka. Nashukuru Mungu hakuondoka. Ni mtu wa maneno. Mimi nikisema amina yeye ananiuliza nimeomba nini kirefu hivyo, kama ni gari jipya nimwambie. Tunagombana asubuhi juu ya chai na jioni juu ya redio, na katikati tunakaa vizuri.

Figo zake zilipochoka, daktari akasema awe anasafishwa damu kwa mashine, kila wiki, siku za kupangiwa, bila kukosa. Mashine ni chache na wagonjwa ni wengi. Sista wa pale ni mtu mzuri lakini hana mchezo. Ukichelewa anamwita anayefuata akae kwenye kiti chako, na wewe unarudi nyumbani na maji yako miguuni.

Kijana ndiye alikuwa anampeleka shangazi yake. Halafu kazini kwao wakamhamishia mji mwingine. Tukajaribu gari za kukodi. Dereva wa kwanza alikuwa anasinzia njiani, wa pili alikuwa haamki kabisa. Wifi akakosa kiti chake mara moja, na siku ile uso ulimvimba mpaka nikaogopa kumwita jina.

Habari zikamfikia shemeji. Shemeji ndiye kaka yao mkubwa, mstaafu, alikuwa msimamizi wa ghala na mpaka leo anapenda kila kitu kiwe kwenye rafu yake. Alinipigia simu.

"Shemeji, sikulaumu. Lakini huyu ni mgonjwa, na kwako hakuna dereva. Mwezi ukiisha nakuja kumchukua. Kwangu hospitali iko jirani, ukuta kwa ukuta."

Nilimpa wifi taarifa akiwa amekaa jikoni, miguu ameiweka juu ya ndoo iliyopinduliwa.

"Kwa kaka?" akasema. "Nyumba ambayo hata redio inanong'ona? Nikikohoa pale ananiuliza kama nimemaliza. Wifi, utakuwa umenizika nikiwa hai."

"Hospitali iko jirani, amesema."

"Iko jirani. Muulize iko upande gani wa barabara."

"Sijui."

"Kulia! Nilikwenda siku ya harusi ya binti yake. Tuliizunguka ile hospitali mpaka nikadhani tunatembezwa mji. Huyo ni mtoto wa baba mmoja na marehemu wako, usisahau."

Nikamaliza kuosha vyombo. Kisha nikasema nitajifunza kuendesha.

Wifi alicheka mpaka ndoo ikamtoka miguuni. Alipomaliza akaniangalia, akaona bado nimesimama pale pale na kitambaa cha vyombo mkononi.

"Unasema kweli."

"Gari lipo uani."

"Haya," akasema. "Kama ni kufa, tutakufa tukiwa tumefunga mikanda."

*

Shule ya udereva ilikuwa chumba kimoja juu ya duka la vipuri, na ngazi zake zilikuwa zinanuka mpira. Wanafunzi wenzangu walikuwa vijana watupu. Waliniita bibi na kunipisha kwenye kiti cha mbele, ambako ndiko mwalimu alikoelekeza maswali. Mwalimu mwenyewe alikuwa mwembamba, sauti ya chini, na walimwita Taratibu kwa sababu ndilo neno alilolitumia kuliko yote. Alisema taratibu hata kwa mtu aliyesimama.

Somo la kukata kulia alilifundisha kwa vikombe juu ya meza. Kikombe cha chai kilikuwa gari letu, kisanduku cha kiberiti kilikuwa pikipiki, na kopo la sukari lilikuwa lori.

"Kwanza kioo," alisema. "Uone aliye nyuma yako anataka nini. Pili indiketa, mapema, umwambie unachotaka wewe. Tatu sogea karibu na mstari wa katikati, ili anayekwenda moja kwa moja apite kushoto kwako. Nne, unasubiri. Magurudumu yamenyooka! Bibi, kwa nini yamenyooka?"

"Ili gari lipendeze."

"Ili mtu akikugonga kwa nyuma akusukume mbele, asikusukume kulia ukaenda kukutana na kopo la sukari."

Nalikumbuka lile mpaka leo. Nikimwona mtu anasubiri njia panda na magurudumu yake yameshakunjwa kulia, ninamwombea.

"Tano," akasema mwalimu, "unaangalia wanaokuja mbele, unaangalia watu wanaovuka kwa miguu kwenye barabara unayotaka kuingia, na njia ikiwa wazi ndipo unakunja. Usikunje mapema ukaingia mdomoni mwa anayetoka. Fika kati, ndipo ukunje, ushike upande wako."

Niliinua mkono, nikamweleza njia ya marehemu, ya kushoto tatu. Alinisikiliza, akasogeza kikombe kama nilivyosema, kushoto, kushoto, kushoto, halafu akakifikisha kwenye kuvuka na kukisimamisha.

"Mama," akasema, "kwa hiyo marehemu alikuwa anavuka magari ya pande zote mbili ili asivuke ya upande mmoja."

Vijana wakacheka. Mimi sikucheka. Nilimwombea marehemu pale pale, na mwalimu akangoja nimalize.

Kuendesha kwenyewe hakukunishinda. Gia nilizielewa upesi, zinataka mkono wa mtu aliyewahi kusonga kitu kizito. Tabu yangu ilikuwa njia panda ya hospitali. Mataa yapo pale lakini sijawahi kuyaona yakiwaka, huwa yanaoshwa tu. Kila mtu anajipitia. Na mimi nimelelewa kwamba mtu hapiti mbele ya mwenzake.

"Mama, tunasubiri nini?" Taratibu aliniuliza siku ya kwanza.

"Yule kaka apite."

"Ameshapita."

"Na yule wa gari jekundu."

"Yule bado yuko kule sokoni, mama. Akifika hapa mimi nitakuwa nimestaafu."

Nyuma yetu honi zililia. Nilitoa mkono dirishani kuomba radhi. Honi zikazidi.

Tabu ya pili ilikuja kinyume na hiyo. Dereva wa mbele akisimama na kunipigia taa, maana yake pita mama, mimi nilipita hapo hapo, kwa shukrani, mkono juu. Mtu akikupisha kwenye benchi unakaa. Hukai kuchunguza benchi. Taratibu alikuwa na breki yake chini ya mguu wa kushoto, na kila nilipopita hivyo aliikanyaga, akafumba macho, akasema neno lake.

*

Siku ya mtihani, ndani ya gari lile lile la shule, aliyekaa pembeni yangu alikuwa askari wa usalama barabarani, mtu mkubwa, kofia mapajani. Wifi alikuwa ameniombea asubuhi ile, jambo ambalo hajawahi kufanya mbele yangu. Aliomba kwa kifupi. "Mungu, unamjua. Amina."

Niliendesha vizuri. Niliegesha vizuri. Tukafika njia panda ya hospitali, nikatazama kioo, nikawasha indiketa, nikasogea katikati, magurudumu yamenyooka, nikasubiri. Mbele yangu likaja lori la mchanga. Likasimama. Dereva akanipigia taa na kunipungia mkono niende.

Nikainua mkono wangu kumshukuru, nikakunja.

Askari alikanyaga breki mpaka kofia yake ikaruka kwenye kioo. Pikipiki ilitokea ubavuni mwa lori, upande wa pili ambao sikuuona, ikasimama karibu na taa yetu kiasi cha mtu kupitisha ubao wa kukatia mboga. Aliyepanda alikuwa amebeba godoro. Alitutazama, nasi tukamtazama. Godoro lilikuwa bado linatikisika.

"Shikamoo, mama," akasema, akaenda zake.

Askari aliokota kofia. Hakupandisha sauti.

"Mama, yule wa lori amekupa nini?"

"Nafasi."

"Nafasi ya nani?"

"Yake."

"Na ile ya pikipiki umepewa na nani?"

Nilitazama lile godoro likiishia kwenye kona.

"Yule anaweza kusimamisha lori lake," akasema. "Barabara hawezi kukusimamishia. Mshukuru, halafu uone mwenyewe. Rudi baada ya wiki mbili."

Baada ya wiki mbili zingekuwa zimebaki siku chache tu mwezi uishe. Nilirudi nyumbani, nikakuta wifi ameshaweka chai mezani. Aliniangalia usoni, akaongeza sukari kwenye kikombe changu bila kuuliza.

"Nitaanza kukunja nguo zangu," akasema. "Zile za baridi kwanza. Kwa kaka kuna baridi hata jua likiwaka."

"Usikunje chochote."

"Nimesema za baridi tu."

Usiku huo sikulala vizuri. Pikipiki nilikuwa nimeshaielewa. Kilichonikaa moyoni kilikuwa yule dereva wa lori. Alinifanyia wema, na ili nisife ingebidi nimkatalie machoni pake. Jumapili baada ya ibada nilimfuata mchungaji nikamwuliza kama ni dhambi kumkatalia mtu wema wake.

"Wema gani huo, mama?"

"Wa taa."

Alifikiri. Akasema ataliombea.

Wifi hakungoja jibu. Jioni ile alinikalisha kwenye kigoda mwisho wa ukumbi, akanipa mfuniko wa sufuria kubwa uwe usukani. Yeye akakaa kwenye kiti cha plastiki upande wa pili, tochi mkononi.

"Mimi ni lori," akasema. "Nimebeba mchanga na nina haraka. Haya, njoo."

Nikaweka indiketa kwa mdomo. Wifi akawasha tochi, akazima, akawasha.

"Pita, mama! Nimekupa!"

"Asante, baba."

"Pita basi!"

Nikainuka na mfuniko wangu. Ufagio ukatoka nyuma ya pazia la mlango na kunipiga kwenye goti. Wifi alikuwa ameufunga kamba.

"Umekufa," akasema. "Na pikipiki ya watu umeivunja. Rudia."

Tulirudia kila jioni alipokuwa hajachoka. Mara nyingine ufagio ulikuja, mara nyingine haukuja, na hakuniambia lini. Alibadilisha sauti: akawa dereva mpole, akawa dereva mkali, akawa dereva anayeniita mchumba. Alinitukana. Alinibembeleza. Jirani wetu aliingia siku moja kuomba kiberiti, akakuta mwanamke mmoja mzima anamulika tochi anasema yeye ni lori na mwingine amekumbatia mfuniko anamjibu "Asante baba, ngoja nione." Akatoka bila kiberiti.

Mwishoni nilipata namna yangu. Naushukuru mkono wa mtu kwa mkono, halafu naongea na gari langu kana kwamba yeye hayupo. Nasogea kidogo tu, kiasi cha pua kuchungulia, nasimama. Naona. Kama sijaona, siendi, hata lori lingeimba.

Mtihani wa pili ulipita bila mambo. Hakuna lori lililotokea. Nilisubiri, nikaona, nikakunja, nikashika upande wangu. Askari aliniambia niegeshe chini ya ukuta.

"Umefaulu," akasema. "Ila ukiwa unasubiri, mama, usiwaamkie wote."

*

Shemeji alikuja mwezi ulipoisha, asubuhi ya siku ya mashine, na alikuja akiwa amechelewa. Nilimwona tangu mbali. Barabara yetu iko kulia ukitokea barabara kubwa. Gari lake lilipita, likapotea, na baada ya muda likatokea upande wa seremala. Wifi alikuwa dirishani.

"Sikusema kitu," akasema.

Shemeji aliingia, akavua kofia, tukasalimiana kwa heshima zote. Alikuwa na suti na ratiba. Begi la wifi lilikuwa limefungwa tangu jana, kwa sababu nilimwambia asifunge naye akafunga. Shemeji akalibeba mwenyewe, akaliweka kwenye buti la gari lake, akafunga buti.

"Nimepata leseni, shemeji," nikasema.

"Nimesikia. Hongera sana. Lakini leseni ni karatasi. Mimi nimeachiwa ndugu mmoja duniani. Siwezi kumkabidhi kwa karatasi."

Hapo sikuona kosa lake. Na mimi nilikuwa nimebaki na mtu mmoja wa kugombana naye.

"Basi panda," nikasema. "Leo ni siku yake ya mashine. Kaa mbele uone. Tukirudi, kama moyo wako haujatulia, begi liko kwenye buti lako."

Alimtazama dada yake. Wifi alikuwa ameshaketi kiti cha nyuma na mkanda ameufunga.

"Kaka, kiti changu ni saa mbili. Mnaweza kuendelea kupeana hongera njiani."

Tukatoka. Nilisali kabla ya kuwasha gari, kama nilivyofundishwa na Taratibu, kwa sababu macho yanatakiwa yawe wazi baada ya hapo. Shemeji alishika kile kishikio cha juu ya mlango tangu getini. Tukafika njia panda ya hospitali.

Kioo. Indiketa. Nikasogea kwenye mstari wa katikati.

"Unasogea huku kufanya nini?" shemeji akauliza.

"Nakata kulia."

"Hapa?"

"Hospitali iko pale, shemeji. Unaiona."

Aliiona. Ilikuwa karibu kiasi cha kusoma bango la saa za kuona wagonjwa. Nikasimama, magurudumu yamenyooka. Magari yakaja, nikayaacha yapite. Mengi. Saa ya gari la marehemu ni nzima, na shemeji alikuwa anaitazama.

Halafu likaja boza la maji. Kubwa, refu, limejaa. Likapunguza mwendo, likasimama mbele yangu, na dereva akanipigia taa.

"Amekupa," akasema shemeji. "Nenda."

Niliinua mkono kumshukuru dereva. Sikwenda.

Akanipigia taa tena. Akatoa kichwa dirishani. "Mama! Pita bwana!"

"Asante, baba! Ngoja nione!"

"Uone nini? Mimi nimesimama!"

"Nakuona wewe! Mungu akubariki!"

Nyuma yangu honi zikaanza, ya kwanza, ya pili, kisha zote pamoja. Mtu akapiga kelele kwamba bibi amelala. Shemeji alikuwa anakanyaga sakafu upande wake kama kuna pedali pale.

"Shemeji, nenda! Watu wanatutukana! Mtu amekupa njia kwa hiari yake, unamfanya mjinga! Saa inakwenda! Huyu atakosa kiti chake!"

Yule wa kukosa kiti alikuwa nyuma yetu, mikono mapajani. Nilimwona kwenye kioo. Uso wake ulikuwa umeanza kujaa kidogo chini ya macho, kama inavyokuwa siku za mashine.

"Kaka," akasema wifi, "mwache aone."

Nikalisogeza gari, kidogo, kiasi cha pua kupita ubavu wa boza. Nikasimama tena. Nikachungulia upande ule ambao boza lilikuwa limeuficha. Barabara ilikuwa tupu mpaka kwenye mti wa mwisho. Hakukuwa na pikipiki, baiskeli, wala kuku. Nikatazama kule ninakoingia. Mtu mmoja mwenye ngazi begani alikuwa anavuka, na ngazi ilikuwa ndefu kuliko haraka yake. Nikamngoja afike, na ngazi yake ifike.

Ndipo nikakunja. Nilifika kati, nikakunja, nikashika upande wangu, nikazima indiketa iliyokuwa haijajizima. Nyuma yetu boza likaondoka kwa hasira, na kelele zote zikaenda nalo.

Shemeji alipata pumzi.

"Hakukuwa na mtu," akasema.

"Ndiyo, shemeji. Nimeona."

Niliegesha mbele ya jengo la mashine. Sista alikuwa mlangoni na orodha yake, mdomo ameshaufungua kumwita mwingine. Akatuona, akaufunga.

"Leo mmewahi," akasema, akamshika wifi mkono.

*

Mashine inachukua karibu nusu ya siku. Mimi na shemeji tulikaa kwenye benchi la ukumbini. Nilisoma kitabu changu cha sala. Yeye alisoma bango la kunawa mikono, akalimaliza, akalirudia. Mtu mmoja mwenye gongo akaja, shemeji akampisha, akasimama dirishani. Kutokea pale njia panda inaonekana yote.

Alisimama muda mrefu. Magari yalikuja, yakasubiri, yakakata kulia.

"Yule," akasema baadaye, bila kugeuka. "Magurudumu yake yamekunjwa kabla ya wakati. Yako yalikuwa yamenyooka."

"Ndiyo."

"Kwa nini?"

Nikamweleza, kama nilivyoelezwa, na kopo la sukari. Alisikiliza na mikono mgongoni.

"Baba hakutuambia hilo," akasema.

"Baba mkwe alikuwa anaendesha magogo."

Akakubali kwa kichwa. Baada ya hapo aliniuliza, kwa sauti ambayo mwenye gongo asingeisikia, kama yule mwalimu wangu anapokea watu wazima wenye leseni tayari.

"Anapokea," nikasema. "Anaitwa Taratibu. Atakukalisha mbele."

Tuliporudi nyumbani wifi alikuwa mwepesi na mchovu, kama anavyokuwa baada ya mashine, na alitaka chai. Niliingia nikaweka maji. Nilisikia buti la gari likifunguliwa uani. Sikwenda kutazama. Nilihesabu vikombe, nikavipanga, nikavipangua. Shemeji akaingia na begi mkononi, akaliweka chini penye mlango wa chumba cha dada yake, akalisogeza lilingane na ukuta.

"Nguo za baridi zimewekwa juu," akamwambia. "Zitakunjamana. Zitundike."

"Nitazitundika, kaka."

Hakukaa sana. Alikunywa chai amesimama, akatuaga, akatuombea mema, akaingia garini. Kwenda kwake, ukifika mwisho wa mtaa wetu, ni kulia. Mimi na wifi tulisimama getini kumsindikiza kwa macho.

Gari lilifika mwisho wa mtaa. Indiketa ya kulia ikawaka. Likasogea karibu na katikati, vizuri kabisa, magurudumu yamenyooka. Likasubiri. Magari yakapita, halafu yakaisha. Barabara ikawa wazi pande zote, wazi mpaka mtu angeweza kutandika mkeka. Likaendelea kusubiri.

"Anaona," nikasema.

"Anaona nini?"

Likaja gari jingine kwa mbali sana. Shemeji akalingoja likafika, likapita. Akangoja tena. Kisha lile gari lake likarudi pole pole upande wa kushoto, likakata kushoto, likaenda kwa seremala, na indiketa ya kulia bado inawaka.

Wifi alinishika bega asianguke kwa kucheka.

"Usimcheke," nikamwambia. "Amesogea katikati. Mwaka jana asingesogea."

"Wifi, nipeleke ndani. Na siku ya mashine tuondoke mapema kidogo, tukikutana naye bado anazunguka tumpigie taa."

Nikamwambia taa simpigii mtu. Tukaingia ndani, nikamtundikia zile nguo.